Ufunguo Uliochemshwa

Koti la Muindi lilining'inia nyuma ya mlango wa chumba cha kulala tangu siku alipopelekwa hospitali, na kwa muda wote huo Munyiva, mkewe, alizoea kuufungua mlango ule nusu. Akiufungua wote, koti liligonga ukuta, na mlio wake ulikuwa kama wa mtu anayeegemea kupumzika. Kwa hiyo aliupitia kiubavu, akiwa amejibana, hata alipobeba ndoo.

Lilikuwa koti zito la kijivu. Muindi alikuwa msimamizi kwenye machimbo ya mawe kule Mlolongo, na alilinunua kwa ajili ya baridi ya alfajiri. Katika mfuko wa kifuani kulikuwa na ufunguo wa sanduku la posta. Jambo hilo halikuwa siri. Munyiva aliujua ulipo, binti yake Mumbua aliujua, na Kimeu, kaka mkubwa wa marehemu, aliujua pia. Ungeweza kuuona umetuna pale kwenye kitambaa, kama kidole kilichokunjwa.

Muindi alizikwa Mwala, kwenye shamba la baba yao. Baada ya kaburi kufunikwa, Kimeu alisimama mbele ya waombolezaji na kusema kwamba nguo za marehemu zisiguswe mpaka jua la kiangazi lipite. Wazee walitazamana. Katika ukoo wao nguo za mtu hugawanywa wiki ileile ya mazishi, siku ya kunyoa nywele, na kila mmoja huondoka na kitu, hata kama ni soksi. Hakuna aliyewahi kusikia habari za kiangazi. Lakini hakuna aliyeuliza, kwa sababu wote walimwona Muindi alivyokwisha. Mhubiri alisema ameugua kwa muda mrefu. Majirani walisema ni kifua. Munyiva naye alisema ni kifua, akalisema neno hilo mara nyingi hata likawa jepesi mdomoni.

Ukweli ni kwamba Kimeu alikuwa amesikia mahali kuwa ugonjwa ule hubaki kwenye nguo, na kwamba jua la kiangazi kimoja huumaliza. Hakuna aliyeuliza jua lingelifikiaje koti lililo nyuma ya mlango.

Kiangazi kilipita. Mvua ilipoanza kutishia, Kimeu alikuja mjini Machakos na binamu wawili. Mashati na suruali walivichoma nyuma ya choo bila kusema neno. Koti lilikuwa la bei, wakaona haya kulichoma, na hakuna aliyetaka kulivaa. Kimeu aliomba koleo za kushikia makaa. Aliuchomoa ufunguo kwa koleo, mkono ameunyoosha mbali na mwili, akautumbukiza kwenye sufuria ya maji yaliyokuwa yakichemka kwa ajili ya chai. Wakakaa wakiuangalia. Maji yalipokaribia kukauka aliuopoa kwa kijiko, akamwekea Munyiva mezani.

"Sasa umekuwa safi, Mama Mumbua," alisema.

Chai haikupikwa. Sufuria Munyiva aliitupa shimoni jioni ileile. Koti likabaki nyuma ya mlango.

Kesho yake alikwenda posta, na hapo ndipo woga wa pili ulipomkuta, kabla hajaumaliza wa kwanza. Sanduku lilikuwa limejaa. Kulikuwa na madai ya ushuru wa stempu juu ya ploti yao, na madai mengine ya kukumbushia, na onyo kwamba ploti itauzwa.

Ploti ile ilikuwa ndiyo nyumba yao. Mbele ilikuwa na duka moja, nyuma vyumba vitatu vya kupangisha, na katikati alikaa Munyiva. Hakuwa na shamba lingine isipokuwa lile la Mwala, ambako angekuwa mgeni wa Kimeu mpaka afe. Aliposhuka ngazi za posta alilazimika kuketi pale wanapoketi wauza stempu na kalamu, watu wakimruka.

Wakili aliyeonyeshwa aliitwa Gatimu, mtu wa upande wa Murang'a aliyekaa Machakos miaka mingi, na ofisi yake ilikuwa juu ya duka la dawa.

"Mama, hii kitu ilikuja lini?"

"Nimeichukua juzi."

"Sijauliza umeichukua lini. Nimeuliza ilikuja lini."

Gatimu aliangalia mhuri wa posta, akavua miwani, akaivaa tena.

Alimweleza polepole. Mtu akinunua ardhi hulipa ushuru wa stempu kulingana na thamani ya ardhi ile. Muindi alilipa. Baadaye mkadiriaji alipita, akakuta nyumba ya mawe na duka, akahesabu vyote, akasema mnunuzi alificha thamani. Ndiyo maana wakadai ziada pamoja na adhabu.

"Lakini wakati tunanunua hapo kulikuwa banda la mabati tu," Munyiva alisema. "Hiyo nyumba alijenga yeye mwenyewe baadaye. Mawe alikuwa anayatoa Mlolongo, lori moja moja. Watu waliona."

"Nakuamini. Hata kesi ni nzuri. Ungekuja mapema, ningekwambia nenda ulale." Gatimu aligonga meza kwa kalamu. "Lakini muda wa kupinga umepita, mama. Umepita zamani. Sasa kabla hata jaji hajasikia habari ya banda, lazima tumwombe atukubalie tuchelewe. Na atauliza swali moja. Mlikuwa wapi?"

"Ufunguo ulikuwa kwa koti ya marehemu."

"Na koti ilikuwa wapi? Amerika?"

"Nyuma ya mlango."

Gatimu alimtazama. Munyiva aliutazama mkoba wake, akasema, "Ni mila. Nguo haziguswi mpaka kiangazi kiishe. Shemeji yangu ndiye alisema."

Uso wa wakili ulifunguka. "Mila! Si ungeanza hapo? Korti inaheshimu mila. Huyo shemeji atakuja kuapa?"

"Atakuja."

Alirudi nyumbani akiwa na tumaini dogo, na tumaini lile likamtisha kuliko kukosa. Duka la mbele lilikuwa limepangishwa na Kaltun, mwanamke wa Kisomali aliyeuza madira na mashuka, mwenye sauti ya kusikika mpaka stendi.

"Munyiva, hebu niambie mapema," Kaltun alimwita. "Hawa watu wa ushuru wakitutupa nje, mimi nitauzia madira yangu juu ya punda? Punda gani atakubali mwili huu?"

Munyiva alicheka kidogo, akaeleza habari ya korti na ya mila. Kaltun aliendelea kukunja shuka, pembe kwa pembe.

"Kwetu nguo za maiti zinatolewa sadaka kabla machozi hayajakauka," alisema. "Nyinyi mlikuwa mnaziwekea nini?"

Kaltun aliinua macho, akamtazama kwa muda, kisha akayashusha kwenye shuka.

"Haya," alisema. "Mungu atafungua."

Munyiva alielewa kwamba Kaltun anajua. Pengine alijua siku zote. Usiku akilala aliwaza ni nani mwingine anajua na amenyamaza kwa heshima tu, na heshima hiyo ingedumu mpaka lini kama jambo lenyewe lingetajwa kwa sauti. Mumbua alikuwa shule ya bweni, kidato cha pili. Mwaka uliopita kulikuwa na msichana pale ambaye mama yake alisemekana ameugua ugonjwa huo, na wenzake wakalitoa godoro lake nje likanyeshewa. Mumbua mwenyewe ndiye aliyesimulia, akila, kama habari ya watu wengine.

Na chini ya hofu hizo kulikuwa na nyingine ambayo Munyiva hakuipa jina. Kila mafua yalipomshika alihesabu yamekaa siku ngapi. Kila kiuno cha sketi kilipolegea alikaza kwa pini na kujiambia ni kazi nyingi.

Siku ya kesi ilikuwa ya ukungu, ule wa Julai unaoshuka kutoka milima ya Iveti na kukaa juu ya mji mpaka karibu saa sita. Kimeu alifika mapema, amenyoa ndevu, amevaa koti la kahawia na tai. Hakumsalimu Munyiva kwa mkono. Alisema tu, "Usiogope. Tutasema yale tulisema."

Wakili wa serikali alikuwa mama mfupi mwenye sauti ya upole, mzaliwa wa Kathiani. Gatimu alimwona akasema kwa sauti ya chini, "Aa. Wamenitumia Mkamba, mtu wa mila zenu."

Kimeu alipanda kizimbani akaapa. Alieleza mila ile vizuri, kwa kituo, kama mtu aliyeikuta kwa babu. Jaji aliandika. Munyiva alianza kupumua. Kisha yule mama akasimama, akamsalimu kwa Kikamba.

"Wĩ mũseo, mzee?"

"Nĩ mũseo."

"Pole kwa msiba. Ulikuwa na ndugu mwingine aliyefariki kabla ya huyu?"

"Ndiyo. Kitonga. Aligongwa na gari."

"Pole tena. Nguo zake mligawa lini?"

Kimeu alikohoa. "Hizo... ziligawanywa."

"Kiangazi kilipoisha?"

"Wiki hiyo. Siku ya kunyoa."

"Na wewe kama mkubwa ulipata nini?"

Kimeu alishusha macho taratibu mpaka kwenye kifua chake mwenyewe, kwenye vifungo vya koti la kahawia, na mikono yake ikalishika kama inayotaka kulificha.

"Hii," alisema.

Watu wa benchi za nyuma walicheka. Jaji aliwatazama wakanyamaza, lakini hata yeye alikuwa ameweka kalamu chini.

"Kwa hivyo mila hii, mzee, ilianza na Muindi peke yake?"

"Ni... ni mambo ya nyumbani, mheshimiwa."

Gatimu alijiinamia. Kimeu aliposhuka alipita karibu na Munyiva bila kumtazama, akaenda kukaa karibu kabisa na mlango.

Ikawa zamu ya Munyiva. Gatimu alimnong'oneza, "Sema ulitii wazee. Usiongeze kitu. Mwanamke aliyefiwa, ametii wazee, basi." Munyiva aliitikia kwa kichwa. Karani alimpa Biblia, akaapa.

"Ulijua ufunguo uko wapi?" jaji aliuliza. Alikuwa mzee, na alionekana ana baridi.

"Nilijua, mheshimiwa."

"Shemeji yako alikaa na wewe hapa mjini, kukulinda usiuguse?"

"Hapana. Yeye anakaa Mwala."

"Kuna mtu alikushika mkono?"

"Hapana."

"Miezi yote hiyo uko peke yako na koti hilo. Nataka nikuelewe, mama. Ni nini kilikuzuia kutia mkono mfukoni?"

Neno la kutii lilikuwa tayari ulimini. Munyiva aliona jinsi litakavyokuwa. Atalisema, yule mama wa Kathiani ataandika, na ploti itauzwa kwa upole. Aliwaza mawe ya Mlolongo, Muindi akiyapanga uani Jumapili kwa Jumapili, vumbi jeupe kwenye nyusi. Aliwaza pia godoro kwenye mvua. Mbele yake kulikuwa na mbao za kizimba zilizolainishwa na mikono ya watu waliosimama pale kabla yake, naye akazishika.

"Niliogopa koti," alisema.

"Uliogopa koti?"

"Mume wangu alikufa na ukimwi."

Hakuwahi kulitamka neno hilo mbele ya mtu. Lilitoka dogo, lakini chumba kizima kililisikia. Nje mtu aliita muuza njugu.

"Sisi tulikuwa tunasema ni kifua. Shemeji hakusema uongo kwa ubaya, mheshimiwa. Sote tulijua, na sote tuliogopa. Tulisikia huo ugonjwa unabaki kwa nguo mpaka kiangazi kiishe, tukasubiri. Mimi ndiye nilikuwa nalala kwa hicho chumba, na mimi pia sikuligusa. Hata sasa sijaligusa. Ufunguo ulitolewa na koleo ukachemshwa kwa sufuria ya chai. Sufuria nikatupa. Ushuru sikuukimbia. Sikuwa najua uko. Kitu nilikuwa nakimbia ni hicho kingine."

Karani aliyesimama karibu naye alirudi nyuma hatua. Kisha, labda bila hata kujua anafanya nini, akatoa leso mfukoni, akaikunja, akaitumia kuichukua Biblia pale kizimbani alipoiacha Munyiva.

Jaji alimwona. "Karani," alisema. "Ondoa hiyo leso. Irudishe hiyo Biblia mahali pake. Kwa mkono."

Karani aliirudisha kwa mkono. Kisha akasimama, vidole amevitanua mbali na suruali, hajui avipeleke wapi.

Yule wakili wa serikali aliulizwa kama ana maswali. Alisimama, akafungua mdomo, akasema hana, akaketi.

Uamuzi uliahirishwa mpaka baadaye mwezi uleule, na siku za kungoja zilikuwa mbaya kuliko kesi. Habari ilifika sokoni kabla ya Munyiva. Kwenye foleni ya maji wanawake walimpisha awe wa kwanza, na kwa mara ya kwanza maishani mwake akatamani kusukumwa. Mpangaji mmoja wa nyuma alihama asubuhi, mwingine alihama jioni, wote wakisema wamepata kazi mbali. Akina mama wa kanisa walikuja kumwombea, wakapokea chai wakiwa wamesimama, na alipokusanya vikombe alikuta vimejaa. Shuleni kwa Mumbua hakupata habari yoyote, na kila lori lililopunguza mwendo barabarani alidhani linamletea binti yake pamoja na godoro. Kimeu hakuja wala hakutuma mtu.

Kaltun peke yake hakubadilika, ila alipunguza sauti. Siku moja aliingia uani, akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akanywa chai ya Munyiva mpaka majani ya chini.

"Sukari umebana," alisema, akanyoosha kikombe aongezewe.

Siku ya uamuzi Munyiva alikaa benchi ya mwisho. Jaji alisoma kwa Kiingereza, Gatimu akamweleza baadaye kwenye korido, akiwa amesahau kabisa kuwa mtulivu.

"Amekubali, mama. Anasema hawezi kusema woga wenu ulikuwa wa akili. Anasema tu ulikuwa wa kweli, na kwamba mtu aliyetaka kudanganya korti angechagua uongo wa bei rahisi kuliko huo ukweli wako. Ploti haiuzwi mpaka kesi ya banda isikizwe. Na banda tutashinda. Kaltun aliyeona ikijengwa ataapa, fundi wa mawe ataapa, hata mimi nikiruhusiwa nitaapa."

"Asante sana, wakili."

"Usinishukuru bado. Ametupa muda mdogo wa kuleta pingamizi, na unahesabiwa kuanzia leo. Ukipita hiyo, hakuna jaji mwingine." Alimwinamia. "Mama, mara hii usichelewe kitu chochote. Umenisikia?"

Munyiva alisikia, na alisikia zaidi ya yale wakili aliyokusudia.

Asubuhi iliyofuata ukungu ulikuwa mzito, na sweta lake lilikuwa limefuliwa, bado linachuruzika kwenye kamba. Alisimama chumbani. Aliushika mlango akaufungua wote, mpaka koti likagonga ukuta. Alilishika begani. Lilikuwa kitambaa. Lilikuwa na vumbi la mawe kwenye mishono, na harufu ya Muindi ilikuwa imekwisha, na hilo ndilo lililomliza. Alitia mkono mmoja, akatia wa pili. Mikono ya koti ilimpita vidole.

Alipitia kwa Gatimu, akaweka sahihi palipohitajika. Kisha, badala ya kurudi nyumbani, alipanda njia ya hospitali. Upande wa nyuma kulikuwa na chumba cha kupimia ugonjwa ule, ambacho watu waliingia wakitazama chini, na nje yake benchi moja ndefu. Alikuwa amekipita mara nyingi akijifanya anakwenda maabara. Alikaa.

Baada ya muda mtu aliketi upande wa pili wa benchi. Alikuwa Kimeu, vumbi la barabara ya Mwala mpaka magotini.

"Nimepita nyumbani," alisema. "Yule Msomali akaniambia umeshika njia hii."

"Ndiyo, shemeji."

"Ulisema mbele ya watu wote."

"Nilisema."

Kimeu aliangalia mikono yake. "Huko nyumbani hawaketi na mimi kwa pombe siku hizi. Wanasema nilichemsha ufunguo." Alitikisa kichwa. "Si kweli nilichemsha?"

"Ulichemsha mpaka maji yakaisha."

Kicheko kilikaribia kuwatoka, lakini hakikufika. Kimeu alitazama koti kwa pembe ya jicho, na Munyiva aliona jinsi alivyojizuia kusogea mbali.

"Linakukaa kubwa," alisema.

"Lingekutosha wewe."

"Lingenitosha," alikubali.

Muuguzi alifungua mlango akaita jina la Munyiva. Alikuwa msichana mwenye haraka. "Vua hiyo koti, mama, nahitaji mkono. Humu hakuna pa kutundika."

Munyiva alisimama, akalivua. Alitazama ukuta, akatafuta msumari. Akatazama benchi, ambayo ilikuwa imelowa ukungu. Alibaki amelishika, hajui aliweke wapi, na muuguzi akimngoja ameushika mlango.

Kimeu alinyoosha mikono yote miwili.

"Lete," alisema.

Munyiva alimpa. Kimeu alilipokea, akalishika mbali na tumbo lake, kama mwanamume aliyepewa mtoto mchanga wa watu. Alikuwa bado amelishika hivyo mlango ulipofungwa.